Kilima cha Mkwawa: Wanafunzi, Rangi na Maandamano



Dominika iliyopita, baada ya Misa ya pili, tuliwakuta vijana wa vyuo wakibishana nje ya kanisa. Mmoja wao alikuwa amewaonesha wenzake picha za wanafunzi wa Marekani wakiandamana kwa sababu ya ubaguzi wa rangi katika vyuo vyao. Mwenzake akamkata kauli: hayo ni mambo ya huko, sisi huku tunasubiri bumu tu (ndivyo wanavyoiita fedha ya kujikimu itokayo Bodi ya Mikopo). Tukawauliza wale wanaosoma Mkwawa: "Wanangu, mnajua majengo ya chuo chenu yalijengwa kwa ajili ya nani?" Wakatazamana. Mmoja akajibu kwa ujasiri, "Kwa ajili yetu, Baba."

Kwa kuwa jibu lile halikututoka moyoni juma zima, tumeona vema tafakari yetu ya leo iwe ya historia. Tunaomba uvumilivu wa wale waliozoea kupata hapa maelezo ya masomo ya Dominika.

Majengo yale ya Iringa hayakujengwa kwa ajili yetu. Yalijengwa mwishoni mwa miaka ya 1950 kuwa shule ya bweni ya watoto wa Kizungu, ikaitwa Shule ya Mtakatifu Mikaeli na Mtakatifu George. Ilirithi kazi ya shule ya Kongwa, iliyokuwa imewekwa kwa ajili ya watoto wa Wazungu baada ya ule mradi wa karanga ulioshindwa vibaya. Mbeya nako kulikuwa na shule ya bweni ya watoto wa Kizungu tangu miaka ya 1940. Nyanda za Juu Kusini zilipendwa kwa baridi yake. Walowezi wa Kijerumani, Waingereza na Wagiriki walilima chai, pareto na tumbaku, na wachimba dhahabu walikuwa wamejaa Lupa, upande wa Chunya. Watoto wa watu hao hawakupelekwa kuketi darasani na mtoto wa Kihehe au wa Kisafwa.

Elimu ya Tanganyika ilikuwa na milango mitatu, wa Wazungu, wa Wahindi na wa Waafrika. Kila mlango ulikuwa na fedha zake, walimu wake na mitihani yake. Mtoto wa Kiafrika aliyebahatika alikwenda shule ya misheni, kama ile ya Tosamaganga, au shule ya serikali, kama Malangali. Kanisa letu lilibeba sehemu kubwa ya mlango ule wa tatu, na tunajivunia jambo hilo kwa haki. Lakini hatuna budi kukiri kwamba kwa miaka mingi wengi wetu tuliona ile milango mitatu kuwa utaratibu wa kawaida wa dunia, kama masika na kiangazi.

Hebu tukae kidogo Malangali, maana pale pana kisa ambacho wasomaji wetu wengi wa Mufindi wanapita kando yake bila kukijua.

Shule hiyo ilianza mwaka 1928 chini ya Mwingereza aitwaye W. Bryant Mumford. Huyu bwana hakutaka kuwageuza vijana wa Kiafrika wawe Wazungu weusi. Alitaka wasome huku wakibaki katika desturi za makabila yao. Walivaa mavazi yaliyoigwa kutoka asili, walilala katika nyumba zilizofuata ujenzi wa kienyeji, walifundishwa kurusha mkuki na kucheza ngoma, na wazee wa makabila waliletwa shuleni wawe walezi. Ukisoma juujuu utasema, kumbe alikuwepo Mzungu aliyetuheshimu! Na huenda yeye mwenyewe aliamini hivyo kwa moyo safi.

Lakini fikra hiyo ilikuwa na asili yake. Mwaka 1924 tume ya Phelps-Stokes, iliyoongozwa na Thomas Jesse Jones, ilipita Afrika Mashariki kuchunguza elimu ya Mwafrika. Katika tume hiyo alikuwamo pia Mwafrika mmoja wa Pwani ya Dhahabu, James Aggrey, aliyewavutia watu wengi kwa hotuba zake. Jones alikuwa amefundisha Hampton, chuo cha Wamarekani Weusi katika jimbo la Virginia, na mapendekezo ya tume yalifuata mwelekeo wa huko: Mwafrika apewe elimu inayomfaa, ya mikono, kilimo na afya, iliyopimwa kwa kadiri ya mazingira yake. Swali ambalo halikuulizwa ni hili: nani anayepima?

Wanafunzi wa Hampton wenyewe waliliuliza. Mwezi Oktoba 1927 waligoma. Mwanzo wake ulikuwa jambo dogo: taa za ukumbi kuachwa zinawaka wakati wa kuonesha sinema, kana kwamba vijana hao hawawezi kuaminiwa gizani. Lakini chini ya jambo hilo dogo palikuwa na madai makubwa ya elimu bora na ya kuheshimiwa kama watu wazima. Wakakataa hata kuwaimbia wageni zile nyimbo za kiroho ambazo chuo kilipenda kuwaonesha nazo. Miaka miwili kabla yao, wanafunzi weusi wa chuo cha Fisk walikuwa wamemgomea rais wao Mzungu hadi akaondoka, na msomi W.E.B. Du Bois aliwaunga mkono kwa kalamu yake.

Tazameni basi tarehe hizo. Mwaka 1927 vijana weusi wa Marekani wanaikataa elimu ya "kadiri yao", na mwaka 1928 ndugu yake elimu hiyo anafunguliwa mlango Malangali. Ndiyo maana tunasema mambo yale ya picha za simuni si ya huko tu.

Wazazi wengi wa Kiafrika hawakutaka watoto wao wafundishwe mkuki shuleni. Mkuki waliujua. Walitaka Kiingereza na hesabu, vitu ambavyo mtoto wa Kizungu alipewa bila kubishaniwa. Kwa maoni yetu walikuwa sahihi, ingawa tukiitazama leo hasara ya lugha na desturi zetu tunamwonea Mumford huruma kidogo.

Sasa turukie Januari 1962. Uhuru una mwezi mmoja tu. Nelson Mandela, akiwa ametoroka Afrika Kusini kwa siri kupitia Bechuanaland, anashuka kwa ndege ndogo Mbeya. Anakwenda hotelini na kuwakuta barazani watu weusi na weupe wameketi pamoja wakizungumza. Hajawahi kuona hoteli ya namna hiyo. Mwenyeji wake, Mheshimiwa Mwakangale, mbunge wa TANU, alikuwa amekwisha kuwaulizia, lakini karani wa mapokezi, Mzungu, alisahau kuwaambia. Mandela ameandika katika kitabu cha maisha yake kwamba katika siku ile, kwa mara ya kwanza, alijiona mtu huru. Watu wa Mbeya wanaojenga sanamu katika fikra zao za London na Dubai wangefanya vema kulikumbuka baraza lile la hoteli.

Mwezi huohuo wa Januari 1962 sheria ya kuunganisha elimu ilianza kutumika. Shule za rangi zikafutwa na milango mitatu ikawa mmoja. Haikuwa rahisi hata ndani ya TANU. Miezi michache tu kabla, Oktoba 1961, baadhi ya wabunge walitaka uraia utolewe kwa kutazama rangi ya mtu, na Mwalimu Nyerere akawaambia kwa ukali kwamba serikali yake iko tayari kujiuzulu kuliko kukubali ubaguzi uliogeuzwa upande. Mlei yule Mkatoliki, mwalimu wa zamani wa Pugu, alijua kuwa aliyebaguliwa anajifunza kubagua upesi kuliko anavyojifunza jambo lingine lolote.

Shule ya Wazungu ya Iringa haikuchukua muda ikabadilika na kuwa Mkwawa High School. Wahehe wetu watuelewe tukisema kwamba hapa historia ilicheka. Gavana Edward Twining ndiye aliyelirudisha fuvu la Mtwa Mkwawa kutoka Ujerumani na kuwakabidhi watu wake pale Kalenga mwezi Juni 1954, miaka 56 baada ya Mkwawa kujiua kwa bunduki Julai 1898 ili asikamatwe hai. Mkataba wa Versailles wa 1919 ulikuwa umeagiza fuvu hilo lirudishwe, nalo likakaa miaka 35 zaidi huko. Utawala wa gavana huyohuyo ndio ulioijenga shule ya weupe juu ya kilima cha Iringa. Haikupita hata miaka kumi tangu fuvu lirudi, jina la mwenye fuvu likawekwa langoni mwa shule ile. Hakuna mwanafunzi aliyeandamana kulidai jina hilo. Lilikuja na Uhuru.

Palipobaki pa kuandamana ni Dar es Salaam. Chuo Kikuu kilifunguliwa Oktoba 1961 katika jengo la TANU, kikiwa na wanafunzi wa sheria wasiofika hata 15, kikiwa tawi la London. Mwaka 1964 kikahamia Mlimani. Mnamo Novemba 1965 Ian Smith na walowezi wenzake wa Rhodesia walijitangazia uhuru wao wa weupe, na wanafunzi wa Mlimani wakashuka mjini hadi ofisi ya Balozi wa Uingereza wakiwa na hasira ya haki. Kukatokea uharibifu. Mwalimu aliwakemea kwa fujo hizo, lakini mwezi uliofuata yeye mwenyewe akavunja uhusiano na Uingereza kwa sababu ileile, na mkopo wa pauni milioni 7.5 ukazuiliwa. Huku kwetu suala hilo la rangi lilifika kwa magari. Zambia iliponyimwa njia ya kusini, malori ya mafuta yakaanza kupita mchana na usiku Kitonga, Iringa, Makambako na Mbeya hadi Tunduma, katika barabara ya vumbi na tope. Wazee wetu wanakumbuka magari yaliyotumbukia Kitonga. Baadaye likaja bomba la mafuta, kisha reli ya TAZARA. Anayesema ubaguzi wa Rhodesia haukumhusu mkulima wa Uyole hajatazama treni inapopita.

Mwaka uliofuata yalikuja maandamano ya namna nyingine kabisa, na hapa tunaomba tukawie.

Serikali ilikuwa imeamua kwamba wahitimu wa kidato cha sita na wa vyuo walitumikie Jeshi la Kujenga Taifa kwa miaka miwili, na kwa sehemu kubwa ya muda huo wapokee asilimia 40 tu ya mshahara wao. Jumamosi tarehe 22 Oktoba 1966 wanafunzi wa Chuo Kikuu na wa vyuo vingine waliandamana hadi Ikulu, wengine wakiwa katika majoho yao ya kitaaluma. Miongoni mwa mabango yao kulikuwa na moja lililosema kwamba afadhali ukoloni. Nchi ilikuwa haijafikisha hata miaka mitano ya Uhuru.

Mwalimu aliwasikiliza. Kisha akawaka. Aliwaambia kuwa wamesema kweli juu ya jambo moja, yaani kwamba mishahara ya wakubwa ni mikubwa mno, akatangaza palepale kupunguza wa kwake kwa asilimia 20. Halafu akawafukuza. Wanafunzi wapatao 400 walirudishwa makwao, vijijini, wakakae na wazazi waliowalipia kodi. Wengi wao waliruhusiwa kurudi mwaka 1967, baada ya Azimio la Arusha, ambalo baadhi ya wanahistoria wanaona mbegu yake katika hasira ya siku ile.

Tumelitafakari bango lile mara nyingi. Mwanafunzi aliyelibeba hakuwa na maana ya kumrudisha gavana. Alichokipenda katika ukoloni ni nafasi ya Mzungu: nyumba ya Mzungu, gari la Mzungu, mshahara wa Mzungu, na sasa ilikuwa imefika zamu yake. Rangi ya aliyeketi juu ya kiti ilikuwa imebadilika, kiti kikabaki palepale. Katika hilo Mwalimu alikuwa sahihi kukasirika. Hata hivyo hatuwezi kuficha kwamba adhabu ile ilifundisha jambo la pili, nalo lilikaa muda mrefu katika vyuo vyetu: kwamba anayesema kwa sauti kubwa atarudi nyumbani kwa basi. Julai 1971 rais wa wanafunzi wa Mlimani, Symonds Akivaga wa Kenya, alikamatwa na polisi na kurudishwa kwao kwa sababu ya kuuandikia uongozi wa chuo maneno makali. Kati ya matukio hayo mawili, wanafunzi walijifunza kupima maneno.

Lakini si wote walionyamaza. Mwaka 1967 kilianzishwa Mlimani chama cha wanafunzi wa kimapinduzi, USARF, mwenyekiti wake akiwa kijana wa Uganda aitwaye Yoweri Museveni. Wanachama walitoka nchi mbalimbali. Baadhi yao walikuwa Watanzania wenye asili ya Asia, kama Issa Shivji na Karim Hirji. Mwalimu wao aliyependwa sana alikuwa Walter Rodney wa Guyana. Mwaka 1968 waliizuia ile siku ya wanafunzi kuvaa matambara na kuzunguka mjini kuchangisha fedha za maskini, mchezo uliorithiwa kutoka vyuo vya Uingereza. Waliona kuwa maskini anadhihakiwa. Sisi tuliopata kuona sherehe za hisani zenye keki kubwa kuliko mchango tunawaelewa.

Mwezi Oktoba mwaka huohuo, serikali ya Jamaica ilimzuia Rodney kurudi kazini katika chuo kikuu cha Mona, kwa kuwa alikuwa akienda kuzungumza na watu weusi maskini vichochoroni. Wanafunzi wakaandamana na mji wa Kingston ukawaka moto. Mwaka 1969 Rodney alirudi Dar es Salaam, na hapo ndipo alipoandika kitabu chake juu ya jinsi Ulaya ilivyoidumaza Afrika, kilichotoka mwaka 1972. Kwa maana hiyo, hasira ya wanafunzi weusi wa Karibi na elimu ya Mlimani zilipitia mtu mmoja.

Gazeti la vijana wa USARF liliitwa Cheche. Lilianza mwaka 1969, na mwaka 1970 serikali ikalifunga pamoja na chama chenyewe, kwa hoja kwamba Tanzania haihitaji itikadi ya kuazima kwa Warusi. Kinachotugusa si itikadi yao, ambayo padre hawezi kuimeza nzima. Ni kwamba katika miaka ambayo mitaani Mhindi alitazamwa kama mwenye duka tu, vijana hawa waliketi meza moja, mweusi na mwenye asili ya Asia, wakagombana juu ya maandishi na si juu ya ngozi.

Juu ya Soweto tutasema kwa ufupi, kwa kuwa wengi wenu mnaijua. Tarehe 16 Juni 1976 wanafunzi waliandamana kukataa kufundishwa kwa Kiafrikaans, wakapigwa risasi. Waliokimbia wakahitaji shule, na Tanzania ikawapa shamba la zamani la mkonge la Mazimbu, Morogoro, kikajengwa chuo chenye jina la Solomon Mahlangu, kijana aliyenyongwa Aprili 1979. Leo ni kampasi ya Chuo Kikuu cha Sokoine. Na tarehe 9 Aprili 2015, baada ya mwezi mmoja wa maandamano, wanafunzi wa Cape Town waliishuhudia sanamu ya Cecil Rhodes ikiondolewa katika chuo chao. Mkwawa High School ilikuwa imegeuza jina miaka 50 na zaidi kabla yao, nayo mwaka 2005 ikawa chuo kishiriki cha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Basi, vijana wetu, wakati mwingine mnaweza kuwaangalia hao wa picha za simuni bila kujiona mko nyuma.

Ila tusijipake mafuta mno. Miaka michache iliyopita, katika chuo kimoja ambacho hatutakitaja, alisoma binti mwenye asili ya Kihindi, mzaliwa wa mkoa huu, babu yake pia mzaliwa wa mkoa huu. Alikuja kwetu siku moja si kwa ajili ya dini, maana hakuwa Mkristo, bali kwa sababu rafiki yake wa kwaya alimleta. Katika uchaguzi wa serikali ya wanafunzi aligombea nafasi ndogo, na kila aliposimama kujieleza kulitoka sauti nyuma ya ukumbi ikimwambia arudi kwao. "Padre," alituuliza kwa Kiswahili cha Iringa kabisa, "kwetu ni wapi?" Viongozi wa chuo walisema ni utani wa vijana. Alishindwa uchaguzi, akamaliza masomo, akaondoka. Hapakuwa na bango hata moja kwa ajili yake, na sisi wenyewe, tunaomba mtusamehe, hatukuandika hata barua.

Vijana wale wa Dominika iliyopita tuliwasimulia sehemu ya mambo haya, palepale nje ya kanisa, hadi mhudumu akaja kutukumbusha ubatizo wa saa sita. Yule aliyesema "kwa ajili yetu" aliuliza kama anaweza kuliona fuvu la Mkwawa kwa macho yake. Anaweza. Jumamosi tutakwenda nao makumbusho ya Kalenga, na nafasi tano bado ziko wazi katika gari la parokia. Anayetaka kwenda ajiandikishe kwa katekista kabla ya Alhamisi, nauli na kiingilio kila mtu atajilipia.